Risala ya Kamati ya Darasa la Kiswahili la Jumamosi kwa Mgeni Rasmi, Siku ya Onyesho la Maputo ya Gwaride

Mheshimiwa Mgeni Rasmi,
Waheshimiwa viongozi wa jumuiya, wazazi, walimu na watoto wetu,

Kwa heshima na taadhima tunakukaribisha kwenye onyesho letu hapa New Jersey, siku chache kabla ya Sikukuu ya Shukrani. Tunajua majukumu yako ni mengi, na kufika kwako kumetupa faraja kubwa.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, darasa hili lilianzishwa na wazazi wachache kutoka Tanzania, Kenya, Kongo na Burundi ili watoto wanaozaliwa huku wakisome Kiswahili, wasiishie kukisikia jikoni tu. Tulianza na watoto 6, leo wapo 19, zaidi ya mara tatu ya idadi ile. Tunayo maktaba ya kuhamishika yenye vitabu 31 ndani ya sanduku la magurudumu. Na leo utashuhudia gwaride letu wenyewe, la kwanza la aina yake katika ukumbi huu.

Mada tuliichagua kwa makusudi. Gwaride la Sikukuu ya Shukrani la duka la Macy's hupita ng'ambo ya mto tu, jijini New York, na hakuna mtoto wetu asiyelijua. Lilianza mwaka 1924 likiwa na wanyama hai kutoka bustani ya wanyama ya Central Park. Mwaka 1927 fundi wa vikaragosi, yaani wanasesere wa kuchezeshwa kwa kamba, Tony Sarg akaleta wanyama wa mpira, yaani maputo makubwa, waliotengenezwa na kampuni ya Goodyear mjini Akron, Ohio. Kikaragosi cha kawaida huning'inia, kamba zikiwa juu. Sarg alikipindua: kamba chini, mwili juu. Mwaka ule wa kwanza wanyama hao walijazwa hewa ya kawaida na kubebwa kwa fito, heliamu, gesi nyepesi kuliko hewa, ikaja 1928. Watoto wetu nao wanatumia fito, kwa sababu puto lililovikwa gazeti ni zito na heliamu haiwezi kulinyanyua.

Kazi yenyewe, kulivika puto vipande vya gazeti vilivyolowekwa uji wa unga hadi vikauke kuwa gamba, ni ya wiki nne, na kila wiki ina kadi yake ya kusoma. Hatua huandikwa kwenye kadi zilizochanganywa; kikundi husoma kwa sauti na kuzipanga kabla ya kugusa uji. Kikundi kinachotanguliza "paka rangi" kabla ya "acha likauke" hurudia kusoma. Uji ni kikombe 1 cha unga wa ngano kwa vikombe 2 vya maji, na kijiko cha chumvi kuchelewesha ukungu. Gazeti huchanwa kwa mkono, vipande vya sentimita 3 kwa 10, kwani ukingo uliochanika hulala vizuri kuliko uliokatwa kwa mkasi. Tabaka la kwanza ni gazeti, la pili karatasi nyeupe, la tatu gazeti tena, ili mtoto aone mahali aliporuka. Wiki ya nne ni rangi, kamba na fito, na kila mtoto husoma tangazo la puto lake mbele ya watazamaji. Mtoto ambaye mwili wake hudhurika na mpira wa puto hupewa tufe la karatasi iliyofinyangwa badala yake.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, sasa tunaomba utusikilize kwa makini. Kila tabaka linahitaji angalau saa 24 kukauka, na ukumbi huu tunaupata kwa saa 2. Maputo mabichi huondoka kwenye buti za magari. Kwa baridi ya Novemba hewa ya ndani husinyaa, na gamba bichi hubonyea. Nyumbani huwekwa karibu na hita, hewa hutanuka, gamba hupasuka. Yakifunikwa kwa plastiki huota ukungu. Utakayoyaona leo mengi yana tabaka moja tu, na puto likitolewa upepo gamba la tabaka moja hunywea. Hapo somo nalo hukatika, maana kadi ya wiki ya tatu inamtaka mtoto asome huku puto lenye tabaka mbili liko mkononi mwake.

Tunaomba chumba kimoja chenye kufuli, hata cha mita 3 kwa 3, kisichoguswa toka Jumamosi hadi Jumamosi. Ndani yake rafu moja ya waya yenye ngazi 3, kila ngazi sentimita 120 kwa 60, ambayo inatosha maputo 24. Na feni moja ndogo, kwani kinachokausha bila kupasua ni hewa inayotembea, si joto. Rafu na feni wazazi wako tayari kuchangia. Chumba hatuna uwezo nacho.

Kwa unyenyekevu mkubwa tunakumbusha kwamba ombi hili si geni. Mwaka juzi tuliahidiwa chumba kabla ya Pasaka. Mwaka jana tuliahidiwa tena, kwenye jukwaa hili, mbele ya watoto hawa. Tukapiga makofi na picha zikapigwa. Ufunguo haujafika. Watoto waliopiga makofi siku ile sasa wanasoma vizuri, na wanauliza. Hivyo tunakuomba, kwa heshima zote, utakaposimama kujibu ututajie chumba ni kipi, tarehe ya kukabidhiwa, na jina la mtu wa kumfuata Jumatatu.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, tunaomba kuwasilisha.

Kamati ya Darasa