Kuwahurumia wafu wa kwenye katuni si kupenda uovu

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi nijibu hoja ambayo wazazi wenzangu hawachoki kuirudia, kwamba filamu za katuni zinazotufanya tuwahurumie wafu zinawazoesha watoto uovu. Nadhani wengi wao huzima televisheni mapema mno.

Chukua ParaNorman ya mwaka 2012. Norman ni mtoto anayeongea na wafu, na kwa hilo anadhihakiwa shuleni. Mazombi wanapoibuka makaburini tunategemea watu watafunwe. Kumbe wao ndio wanaokimbia, wakazi wa mji wakiwaandama kwa silaha na mayowe. Baadaye tunaambiwa ni akina nani: hakimu na wenzake ambao zamani walimhukumu kifo msichana mdogo, Aggie, wakimwita mchawi. Hapo ndipo filamu iliponishika. Hawa wana damu mikononi, tena ya mtoto, na waliimwaga kwa woga tu. Bado tunawahurumia, kwa sababu wanajua walichokitenda na kimewanyima kupumzika. Aggie naye, aliyegeuka mzimu wa ghadhabu, Norman hamshindi kwa mabavu. Anamwambia wazi kwamba alionewa, na kwamba sasa yeye anawafanyia wengine yaleyale, mpaka hasira inamtoka. Ni wangapi kati yetu wanaoweza kumweleza mtoto jambo zito hivyo bila kumhubiria?

Sisemi zote ni nzuri. Frankenweenie, ya mwaka huohuo, ina upendo wa kweli kati ya Victor na mbwa wake Sparky, aliyegongwa na gari akafa, kisha akafufuliwa kwa radi. Sparky anapokufa mara ya pili, Victor yuko tayari kumwacha aende. Lakini majirani wanamfufua tena kwa umeme wa betri za magari! Naona mtoto aliyefiwa amedanganywa pale. Corpse Bride ya 2005 ilikuwa na ujasiri zaidi: Emily, bibi harusi aliyeuawa na mchumba wake, anamwachia kijana aliyekwisha kubali kumwoa arudi kwa mwanamke aliye hai.

Kwa hiyo ombi langu kwa wahakiki wako ni hili: wasiishie kutueleza filamu inatisha kiasi gani. Watuambie pia mfu anatafuta nini kwa walio hai, na kama filamu inamruhusu kuondoka akishakipata.

Wako,
Mzazi na mpenzi wa katuni