Mwanangu, riwaya usiziache

Mwanangu,

Meseji yako nimeisoma mara tatu. Umesema sasa umekua, hadithi za kutunga umeachana nazo, unataka vitabu vya mambo ya kweli tu maana muda wenyewe mchache na riwaya ni uongo uliopangwa vizuri. Sijakasirika baba, ila nimekaa nayo siku mbili nzima nikaona bora nikuandikie, kwa simu tungekatishana maneno.

Hivi unakumbuka kile kitabu cha mbwa? Ulikuwa na miaka saba. Tulikuwa tunakisoma wote kila usiku, kurasa zimebaki chache, kumbe we ulishachungulia mbele ukajua mbwa anakufa, basi ukaninyang'anya kitabu ukakifunga ukakikalia. Ukakaa juu yake mikono umekunja, ukasema tusipofika ule ukurasa bado yuko hai. Nilikosa la kukujibu. Ulikuwa hujawahi kufiwa na mtu, lakini usiku ule ulishaelewa kitu ambacho watu wazima tunahangaika nacho mpaka leo, na aliyekufundisha ni mbwa ambaye hajawahi kuwepo. Sasa huo utauitaje uongo?

Ila na mimi nilikosea, nilikosea upande wa pili. Kwa miaka mingi nilikuwa wa riwaya tu. Historia, sayansi, maisha ya watu, vyote niliviweka fungu moja, vitabu vya kusomea mtihani. Kilichonitoa huko ni riwaya yenyewe, ilikuwa ya mabaharia, na mle ndani kuna kijana anaanza kuvuja damu kwenye fizi, meno yanalegea, kidonda chake cha zamani kilichopona miaka mingi kinafunguka upya. Kinafunguka! Nikajua mwandishi kaongeza chumvi. Ikanikera kiasi kwamba nikaenda kutafuta kitabu cha tiba, mimi ambaye sijawahi kushika kitabu cha tiba, nikakuta ni kweli tupu. Ni kiseyeye, mwili ukikosa vitamini C unashindwa kutengeneza ile nyuzi inayoshikilia nyama, na kovu nalo linashikiliwa na nyuzi hiyohiyo, ndo maana linaachia. Mbuzi hapati shida hiyo kwa sababu vitamini hiyo anajitengenezea mwenyewe mwilini. Sisi binadamu hatuwezi, lazima tuile.

Basi kitabu kile cha tiba kikanipeleka kwa daktari wa meli anaitwa James Lind. Mwaka 1747 alichukua wagonjwa 12 wa kiseyeye akawagawa wawili wawili, hawa akawapa siki, hawa maji ya bahari, wengine wakapata machungwa na malimau, na chakula kingine chote kikawa kilekile. Wa machungwa wakainuka ndani ya siku chache, mmoja wao akarudi kazini. Akaandika kitabu mwaka 1753. Unajua jeshi la majini la Uingereza lilianza lini kuwagawia mabaharia wake maji ya limau? 1795. Karibu miaka 50 baadaye! Hapo nikashindwa kulala, nikatafuta cha historia nijue kwa nini, na sababu ni nyingi ila iliyoniuma ni kwamba Lind mwenyewe alishauri maji ya malimau yapashwe moto mpaka yawe mazito ili yasiharibike safarini, na moto ndo unaoiua ile vitamini. Yaani alikuwa na dawa mkononi akaichemsha bila kujua. Nilisikitika pale kuliko kwenye riwaya yoyote, na ni mtu wa kweli, tarehe zake zipo.

Na njia haikuishia hapo. Vitabu vya safari vikanionyesha watu wa Vasco da Gama wakivuka bahari kurudi kutoka India, miezi mitatu majini, 30 wanakufa, halafu Januari 1499 wanafika Malindi na jambo la kwanza wagonjwa wanalolilia ni machungwa. Hawakujua kwa nini, miili yao ndo ilikuwa inajua.

Sasa angalia baba, vyote hivyo vimeanza na kijana wa kutunga. Bila yeye nisingekuwa na uchungu wa kuuliza. Na bila vile vya kweli ningebaki naamini mwandishi kaongeza chumvi. Kimoja kilinipa swali, kingine kikanipa jibu, na jibu likazaa swali jingine. Ndo maana nakuomba usikate mguu mmoja.

Ukienda maktaba cheki zile namba za mgongoni. Nyingi zinafuata mpango wa kupanga vitabu kwa mada, alioutunga Melvil Dewey mwaka 1876, tiba iko kwenye 600, safari na historia 900, fasihi 800, na riwaya mara nyingi wanazitoa kabisa wanazipanga kwa jina la mwandishi ukuta wa peke yake. Yaani kijana wangu wa kiseyeye, daktari wake na bahari yake wako pande tatu za jengo! Rafu haitakuambia kwamba wanajuana, ni wewe utembee. Nenda na swali moja tu, lifuate kokote. Na ukimaliza kitabu cha kweli usikifunge haraka, pitia marejeo kule nyuma, mwandishi kakuachia majina ya vitabu vilivyomfikisha pale.

Halafu neno "kweli" lisikudanganye. Kitabu kuwa kwenye rafu ya mambo ya kweli hakumaanishi kila kilichomo ni kweli. Tazama kimeandikwa mwaka gani, tazama kama anasema habari kazitoa wapi. Hivi vya siri za mafanikio ulivyoniorodheshea, soma viwili uone kama cha tatu kitakuambia jipya, mi sidhani. Riwaya ya historia nayo isome na neno la mwandishi mwishoni, wengi wanakiri pale walipobadilisha mambo.

Kitabu kikikushinda kiache. Mashairi jaribu hata kama hupendi, moja kwa siku, kwa sauti.

Dada yako akija huko atakuletea viwili, ile riwaya ya mabaharia na kile cha tiba. Anza na riwaya. Cha tiba usikiguse mpaka kovu lifunguke. Kuna nahodha mle ndani nilimchukia mapema sana nikaja kujuta, ukifika kwake nitumie meseji uniambie wewe umemuonaje kabla hujasoma sura inayofuata, nataka kujua kama tumemuona mtu mmoja.

Mama