Mnara mrefu haufai kupimia nyota

Mhariri,

Ukurasa wenu wa hadithi umekuwa ukichapa visa vya dunia za kubuni, na karibu kila kimoja kina mnara wa wanajimu: mrefu kupita majengo yote ya mji, na juu yake mzee mmoja mwenye ndevu, peke yake, anayetazama nyota kidogo kisha anataja siku ya kupatwa kwa jua. Majini na uchawi sina ugomvi nao. Ugomvi wangu ni huo mnara. Mwandishi akishasema dunia yake haijajua darubini, mnara mrefu ndio mahali pabaya kuliko pote pa kupimia nyota, na sababu ataielewa hata fundi mwashi.

Kabla ya darubini, kazi ya kituo cha falaki ilikuwa kupima pembe: nyota iko juu ya upeo wa macho kwa digrii ngapi inapokata mstari wa kaskazini na kusini. Pembe husomwa kwenye tao lililochorwa digrii, na kila digrii ina dakika 60. Tao likiwa na nusukipenyo cha mita 1, digrii moja inachukua milimita 17 na nusu, kwa hiyo dakika moja haifiki hata theluthi ya milimita. Nani atasoma hiyo usiku kwa taa ya mafuta?

Ndiyo maana Ulugh Beg, mtawala aliyekuwa pia mwanafalaki, alipojenga kituo chake Samarkand, Asia ya Kati, katika miaka ya 1420, alitengeneza tao lenye nusukipenyo cha mita 40 hivi. Hapo digrii moja ni kama sentimita 70, na dakika moja inazidi milimita 11. Mwanga wa jua uliingia kwa tundu la juu na doa lake likaangukia kwenye tao wakati wa adhuhuri. Kitu cha ukubwa huo hakipandishwi mnarani. Sehemu yake ya chini ilichimbwa kwenye mwamba wa kilima, na hiyo ndiyo iliyosalia baada ya jengo la juu kubomolewa.

Tycho Brahe, mwanafalaki wa Denmark, aliipata hasara ya ghorofa waziwazi. Kituo chake cha kwanza katika kisiwa cha Hven, kilichoanza kujengwa 1576, kilikuwa jumba la fahari na vyombo vyake vilikaa juu. Upepo ukavitikisa. Mwaka 1584 akajenga kingine pembeni, safari hii vyombo vikiwa kwenye mashimo chini ya usawa wa ardhi, mapaa tu yakitokeza. Hesabu yake ni nyepesi: rula ya kulengea ya mita 2 ikicheza nusu milimita kwenye ncha, kipimo kimepotea karibu dakika nzima, na dakika moja ndiyo kiwango cha usahihi alichokuwa akikipigania.

Kwa hiyo anayetaka kituo kinachoaminika katika hadithi yake aanze na sakafu. Isawazishwe kwa maji, kisha isimamishwe fimbo ya mita 1, inyooke kwa timazi, yaani uzi wenye risasi nchani. Kuzunguka shina lake ichorwe duara. Asubuhi kivuli kinafupika. Ncha yake inapogusa duara, weka alama. Alasiri kinarefuka na kuligusa tena, weka alama ya pili. Katikati ya alama hizo mbili, kutoka shina la fimbo, ndipo unapopita mstari wa kaskazini na kusini. Yanayoharibu ni mawili. Kwanza, ncha ya kivuli huwa na ukungu, kwa sababu jua lenyewe lina upana wa nusu digrii. Jua likiwa digrii 45, ukungu huo unakaribia sentimita 2. Dawa yake ni kufunga juu ya fimbo bamba lenye tundu dogo na kufuata doa la mwanga badala ya kivuli. Pili, siku ambazo usiku na mchana ni sawa, jua huhama karibu dakika moja ya pembe kila saa, kwa hiyo asubuhi na alasiri hazilingani. Kazi hii ifanywe jua linapokaribia kugeuka, Juni au Desemba kwa dunia yetu.

Tao lijengwe kwa mawe, ukanda wa kusomea uwe wa shaba. Mbao hujikunja msimu wa mvua na kupotosha tao bila mtu kugundua. Timazi ya ukutani itumbukizwe risasi yake ndani ya ndoo ya maji, la sivyo itabembea usiku kucha.

Kama dunia hiyo iko karibu na ikweta, mwandishi asimpe mnajimu nyota ya ncha ya mbingu, pale ambapo nyota zote huonekana kupazunguka, kama tegemeo. Dar es Salaam, ncha ya kusini iko digrii 7 tu juu ya upeo, na mahali pa chini namna hiyo hewa hupinda mwanga na kuionyesha nyota juu zaidi ya ilipo kwa kiasi cha dakika 7. Kwenye upeo wenyewe ni zaidi ya nusu digrii. Nyota za karibu na utosi, yaani juu kabisa ya kichwa, ndizo za kuaminika.

Na yule mzee apewe wenzake. Nyota husogea digrii moja kila dakika 4 za saa, kwa hiyo saa ikikosea sekunde 4, mahali pa nyota pamekosea dakika moja ya pembe. Mmoja alenge, wa pili atazame saa na kutamka, wa tatu aandike. Brahe mwenyewe alifanya hivyo kwenye robo duara yake ya ukutani, tao la kupimia pembe lililofungwa ukutani.

Wale wanaopenda kuweka miezi miwili angani wapige hesabu kabla ya kuandika usiku wa giza. Mmoja ukiandama kila siku 20 na mwingine kila siku 30, yote miwili itaandama pamoja kila baada ya siku 60. Hizo ndizo siku za kuorodhesha nyota hafifu. Nyingine zote ni za jua, sayari na kunakili daftari.

Msomaji wenu,
Tanga