Reginald Mills naye atajwe

Mhariri,

Wanapoisifu sinema ya Uingereza ya baada ya Vita Kuu ya Pili, waandishi huwataja watengenezaji filamu Michael Powell na Emeric Pressburger, ilhali Reginald Mills, aliyewahariria Black Narcissus (1947) na The Red Shoes (1948), hutajwa kwa nadra mno. Naliona hili kuwa dhuluma. Onyesho la dansi ya bale katika The Red Shoes, linalochukua takriban dakika 15, lisingeshikamana na muziki wake bila mkono wa mhariri, na kwa filamu hiyo Mills aliteuliwa kuwania Oscar, ingawa hakuipata. Baadaye alihariri The Servant (1963) ya Joseph Losey, na mwaka 1971 akaongoza mwenyewe filamu ya bale, nafasi ambayo wahariri wachache huipata. Naomba safu yenu ya filamu imwandikie makala kamili.

Msomaji wenu,
Tanga