Salamu za Sikukuu ya Shukrani, na Barua za Bi Sarah

Ndugu na jamaa zangu mliotapakaa Marekani nzima, salaam aleikum, shalom, hamjambo. Kila mmoja apokee ile aliyoizoea. Ama baada ya salamu, mimi huku ni mzima, hofu ni kwenu. Dhumuni la barua hii ni kuwatakia heri ya Sikukuu ya Shukrani (Thanksgiving), na kuwasimulia habari za Bi Sarah Josepha Hale, mwanamke ambaye, pengine bila yeye, Alhamisi hii mngekuwa kazini.

Nimeifungua kwa mtindo wa barua za zamani makusudi, maana sikukuu yenyewe imetokana na barua. Na si moja. Ni barua za miaka kumi na saba, kwa magavana na kwa marais watano mfululizo, kutoka kwa mhariri wa jarida la wanawake aliyekuwa hana hata haki ya kupiga kura.

Mwaka wangu wa kwanza hapa sikuwa na habari ya sikukuu hii. Niliamka saa kumi na moja alfajiri, nikavaa makoti mawili, nikaenda kusimama kituoni. Basi lilikawia, na lilipofika nikawa abiria peke yangu. Kufika kazini, taa zimezimwa, mlango umefungwa, kikaratasi kimebandikwa kwenye kioo. Nikarudi nyumbani nimenuna. Jioni nikasikia hodi: jirani yangu wa chini, mama mtu mzima ambaye hatukuwahi kuzidisha zaidi ya kupungiana mkono, ameshika sahani iliyofunikwa kwa karatasi ya foili. Ndani bata mzinga, viazi vya kuponda na kipande cha pai ya boga. Pai sikuielewa, nasema kweli, lakini niliimaliza.

Nilidhani siku hii imekuwapo tangu wale wahamiaji wa Kiingereza walipokula pamoja na Wawampanoag, wenyeji wa asili, huko Plymouth, Massachusetts, mwaka 1621. Karamu ile ilikuwapo. Ila kutoka pale hadi sikukuu ya nchi nzima inayorudi kila mwaka kuna miaka 242, na katika kipande kigumu cha mwisho aliyevuta kamba ni Sarah Josepha Hale.

Alizaliwa tarehe 24 Oktoba 1788 huko Newport, New Hampshire. Vyuo vya wakati ule havikupokea wasichana. Kaka yake Horatio alisoma chuo cha Dartmouth, na alichokipata huko alimfundisha dada yake, Kilatini na falsafa. Mwaka 1813 Sarah akaolewa na wakili David Hale, na masomo yakaendelea ndani ya ndoa: kila usiku, saa mbili mpaka saa nne, mume na mke walikaa na vitabu vyao. Mimi hapo huwa nasimama kidogo. Saa mbili nzima kila usiku, na watoto wadogo ndani ya nyumba!

Mwaka 1822 David akafariki kwa nimonia, mtoto wa tano akiwa bado tumboni. Bi Sarah akavaa nyeusi, na eda yake haikuisha. Alivaa nyeusi maisha yake yote yaliyobaki. Wanachama wenzake wa marehemu katika chama cha Wamasoni (Freemasons) wakamsaidia kufungua duka la kofia pamoja na wifi yake. Kofia hazikumkaa moyoni. Usiku alikuwa anaandika, na mwaka 1827 akachapisha riwaya iliyokuwa na sura nzima juu ya mlo wa Siku ya Shukrani kama walivyoula watu wa New England, majimbo ya kaskazini-mashariki: bata mzinga mbele kabisa ya meza, mahali pa heshima, kisha nyama za kila aina, pai ya kuku, na pai ya boga. Kumbe sahani ile ya jirani yangu ilikuwa imeandikwa kitambo.

Riwaya hiyo ndiyo iliyomtoa. Mchungaji mmoja, John Lauris Blake, akamwita Boston aongoze jarida jipya la wanawake, na mwaka 1828 akaanza kazi. Kwa Kiingereza alipenda aitwe kwa neno lenye alama ya kike, editress, lisije likachanganywa na mhariri mwanaume. Sisi Kiswahili chetu hakina shida hiyo, mhariri ni mhariri, ila namwelewa: alitaka msomaji ajue ni nani ameshika kalamu. Miaka miwili baadaye akatoa kitabu chembamba cha mashairi ya watoto, na humo mna lile la Mary na mwanakondoo wake ambalo wanenu wanalileta nyumbani kutoka chekechea bila kujua mwenye nalo.

Mwaka 1837 jarida lake liliunganishwa na la Louis Godey wa Philadelphia, na huko ndiko alikokaa kitini miaka arobaini. *Godey's Lady's Book* lilikuwa na mapishi, ushonaji, hadithi, muziki na michoro ya mitindo iliyopakwa rangi kwa mkono. Hebu jengeni picha akilini: wanawake wameinamia karatasi na brashi, ukurasa baada ya ukurasa, toleo baada ya toleo. Mashine haikuwapo. Kufikia 1860 jarida lilikuwa na wasomaji wa kulipia wapatao 150,000, idadi kubwa sana kwa jarida la wakati ule. Waandishi wakubwa walikuwamo: Edgar Allan Poe aliandika humo, na Harriet Beecher Stowe, na Nathaniel Hawthorne.

Godey alitaka nguo na picha, maana ndizo zilizouza. Bi Sarah alitaka elimu ya wanawake. Wakapatana bila kusema: mwenye duka akipamba dirisha, mhariri akijaza rafu za ndani. Msomaji alinunua jarida kwa ajili ya gauni, akakuta ukurasa wa mhariri unamwambia kwamba binti yake anaweza kuwa mwalimu, au daktari, na kwamba mke anastahili kumiliki mali yake. Chuo cha wanawake cha Vassar kilipoanzishwa mwaka 1861, jina lake lilikuwa na neno la Kiingereza la jinsia ya kike, female, ambalo hutumika hata kwa wanyama. Kwa Kiswahili ingekuwa kama kukiita Chuo cha Majike. Bi Sarah hakunyamaza. Alimwandikia Matthew Vassar mwenyewe, akaandika tena, na mwaka 1867 neno likaondolewa.

Mbinu yake ilikuwa hiyo hiyo siku zote: kuomba kwa adabu, halafu kuomba tena. Mnara wa Bunker Hill kule Boston, ukumbusho wa pigano la vita vya uhuru, ulikuwa umekwama kwa kukosa fedha, wanaume wamechanga wamechoka. Mwaka 1840 yeye na wanawake wenzake wakafanya soko la siku saba, wakauza kazi za mikono na vyakula, wakapata kiasi cha dola 30,000. Mnara ukaisha.

Sasa tuje kwenye Alhamisi yetu. Wakati ule kila jimbo lilijipangia. New England walishukuru siku moja, New York siku nyingine, na Kusini wengi hawakuwa nayo kabisa. George Washington alitangaza siku ya shukrani mwaka 1789, lakini haikuwa desturi ya kila mwaka. Kuanzia miaka ya 1840 Bi Sarah akaanza kudai siku moja kwa nchi nzima, Alhamisi ya mwisho ya Novemba. Kila mwaka aliandika juu yake katika jarida. Kisha akaketi na kalamu kuwaandikia magavana, mmoja mmoja, kwa mkono. Bandubandu huisha gogo. Majimbo yakaanza kuingia, na wengine wakamtolea nje. Gavana wa Virginia, Henry Wise, alimjibu kwamba mambo haya ni maigizo matupu, na kwamba yanawapa wahubiri nafasi ya kuingiza siasa kanisani. Siasa aliyoiogopa ilikuwa ya kupinga utumwa.

Marais nao walipata barua zao. Taylor, Fillmore, Pierce, Buchanan. Hakuna aliyetangaza.

Aliamini kwamba watu wakila siku moja, kwa nia moja, hawatapigana. Alikosea. Vita vikaja mwaka 1861, Kaskazini na Kusini wakachinjana. Godey alikataza siasa katika jarida lake, hivyo ukifungua kurasa za miaka ile unaona mikufu na mikono ya magauni kana kwamba hakuna kinachotokea. Hilo mimi limenikera kila ninapolisoma. Mtu mwenye kalamu inayofika nyumba 150,000 anaandika juu ya kola na utepe wakati watu wanakufa Gettysburg, kwenye pigano kubwa la vita vile.

Ila tarehe 28 Septemba 1863 alichukua karatasi tena, safari hii akamwandikia Abraham Lincoln. Alikuwa amebakiza mwezi mmoja atimize miaka 75. Alijitambulisha kama mhariri wa jarida lake, akaomba dakika chache za rais, akaeleza kwamba ni rais peke yake anayeweza kuifanya siku hii kuwa ya taifa zima. Tarehe 3 Oktoba, siku tano baadaye, tangazo likatoka. Aliyeliandika ni William Seward, waziri wa mambo ya nje, na tarehe hiyo ndiyo ile ile ya tangazo la Washington, miaka 74 nyuma. Lilitaja mashamba yaliyozaa na migodi iliyotoa chuma na makaa, kisha likaomba watu wawakumbuke wajane, mayatima na wenye kufiwa. Alhamisi ya tarehe 26 Novemba 1863 nchi ikashukuru, wiki moja baada ya Lincoln kuhutubia makaburini Gettysburg. Neno wajane mle ndani, mimi huwa nalisoma nikimwona yule mama wa nguo nyeusi.

Nisiwapambie. Sisi tuliotoka Afrika tuna jambo la kumuuliza Bi Sarah. Alichukia utumwa, lakini dawa yake ilikuwa kuwafundisha waliokuwa watumwa na kuwapeleka Liberia. Mwaka 1853 aliandika kitabu kizima kulisifia wazo hilo. Watu ambao wao, wazazi wao na babu zao walizaliwa Virginia na Georgia, warudishwe "kwao"! Mimi nilikuja kwa ndege, paspoti mfukoni, na bado nikiulizwa nitarudi lini kwetu moyo unashtuka. Hao waliojenga nchi kwa mgongo wangejibu nini? Tena kura kwa wanawake hakuiunga mkono. Aliona nguvu ya mwanamke iko nyumbani na darasani. Aliwafungulia wenzake mlango mmoja na kuegemea mwingine.

Na kule Plymouth, tangu 1970, kila Siku ya Shukrani watu wa jamii za asili hukusanyika kuomboleza kile kilichofuata baada ya karamu ya 1621. Mkipata wasaa wasikilizeni, hata kama ni kwa dakika chache kabla ya chakula. Hakuna aliyesema shukrani na msiba haviwezi kukaa meza moja. Tangazo la 1863 lenyewe liliviweka pamoja.

Kwa wale watakaotoa mti wa Krismasi sandukuni Ijumaa asubuhi, hapo pia mna deni dogo kwake. Desemba 1850 jarida lilichapisha mchoro wa familia imezunguka mti. Mchoro ulitoka Uingereza, ulikuwa wa Malkia Victoria na mumewe Albert. Philadelphia wakamvua malkia taji, wakamnyoa Albert masharubu, wakawa familia ya Kimarekani tu. Ulisaidia sana kuueneza mti majumbani. Kazi ya mhariri ndiyo hiyo, jamani: unachukua kitu, unakwangua kidogo, unakiweka mahali watu watakiona chao.

Aliacha kiti chake Desemba 1877 akiwa na miaka 89. Mwaka huo huo Thomas Edison alijaribu mashine yake ya kunasa sauti, na maneno aliyoyasema ndani yake yalikuwa ya yule mwanakondoo wa Mary. Sauti ya mwanadamu iliponaswa na kurudi, ilirudi na shairi la mama huyu. Alifariki tarehe 30 Aprili 1879, akazikwa Laurel Hill, Philadelphia. Sheria ya bunge la Marekani ya kuiweka sikukuu hii Alhamisi ya nne ya Novemba ilikuja 1941, miaka 62 yeye akiwa udongoni.

Basi, wapendwa, heri ya Sikukuu ya Shukrani. Wanaofanya kazi leo hospitalini, kwenye teksi na maghala, Mungu awape wepesi, na mtunziwe sahani. Waliofiwa mwaka huu, poleni. Kiti cha marehemu wenu kiacheni mezani msikiondoe haraka. Wageni wa mwaka wa kwanza, msiende kituoni, hakuna kazi. Nipigieni simu, mje.

Mimi bata mzinga wangu yuko jikoni tangu alfajiri na nimeshaiweza pai ya boga, ingawa naongeza iliki bila kuomba ruhusa ya mtu. Jirani yangu wa chini siku hizi magoti hayampi kupanda ngazi. Sahani yake nimeifunika foili, inangoja nimalize kuandika.

Wasalaam,
Ni mimi ndugu yenu.