Mwanangu, mjue Ben Hogan kabla ya kuiga mshiko wake

Mwanangu mpenzi,

Picha za mikono yako kwenye mpini wa fimbo ya gofu nimezitazama moja moja. Kidole gumba cha kushoto umekilaza juu kabisa ya mpini, na mkono wa kulia nao umeuzungusha kuelekea kushoto, vilevile kama Ben Hogan, yule bingwa wa gofu wa Marekani wa zamani. Halafu unaniuliza kwa nini mpira sasa unakimbilia kulia hata kwa fimbo fupi. Mshiko ule ulikuwa dawa, na dawa ina ugonjwa wake. Hogan alikuwa anapinda mpira kushoto kupita kiasi. Wewe hukuwa na ugonjwa huo, na dawa umeinywa.

Kwa hiyo, kabla hujasoma zaidi, rudisha mkono wa kushoto. Uzungushe kidogo kuelekea kulia mpaka ukitazama chini uone vifundo viwili vya vidole. Ukiona kimoja tu, mshiko bado ni wa Hogan. Ukiona vitatu, umepita mpaka na mpira utaanza kwenda kushoto. Piga mipira 20 kwa aini (fimbo ya kichwa cha chuma) namba 8, nusu ya mzunguko tu, bila nguvu. Mpira ukianza kunyooka, ongeza urefu wa mzunguko, lakini mikono usiiguse tena.

Sasa nikueleze huyo mtu, kwa sababu anastahili kusomwa, na ukimsoma vizuri utajua lipi la kuchukua na lipi la kumwachia mwenyewe.

William Ben Hogan alizaliwa tarehe 13 Agosti 1912 Stephenville, Texas, akakulia mji wa Dublin katika jimbo hilohilo. Baba yake, Chester, alikuwa mfua vyuma, na alijiua mwaka 1922, Ben akiwa na miaka tisa. Familia ilikuwa imeshahamia Fort Worth. Ben akauza magazeti kwenye stesheni ya treni, kisha akasikia kwamba klabu ya Glen Garden inawalipa makedi, yaani wabeba mifuko ya fimbo, vizuri zaidi. Kati ya makedi wa pale alikuwepo Byron Nelson, aliyezaliwa mwaka uleule, na wote wawili wakaja kuwa mabingwa wakubwa wa gofu. Watu husahau jambo hilo, lakini kwangu ni la ajabu: klabu moja, kizazi kimoja cha wabeba mifuko.

Hogan aliingia kwenye gofu ya kulipwa mwaka 1930 akiwa na miaka 17. Alikuwa mwembamba, si mrefu, na ili afike walikofika wenzake wenye miili alizungusha fimbo mbali sana nyuma ya mwili na kushika mpini mkono wa kushoto ukiwa umegeuzwa sana kulia. Mshiko wa namna hiyo unaleta umbali, lakini mikono inapowahi, uso wa fimbo unafika kwenye mpira ukiwa umefumba, yaani umeelekea kushoto. Mpira unaondoka chini, unapinda kushoto, na ukigusa ardhi haukai: unakimbia hadi kwenye nyasi ndefu au chini ya miti. Siku ya mazoezi unaweza kuuvumilia. Siku ya mashindano, mwili ukikaza na mikono ikaharakisha, unazidi. Ndiyo maana miaka yake ya kwanza aliishiwa fedha na kurudi nyumbani, zaidi ya mara moja. Januari 1938 alifika Oakland, California, akiwa na chini ya dola 100 mfukoni, na wezi wakamng'olea magurudumu ya gari. Zawadi aliyopata kwenye shindano lile ndiyo iliyombakiza barabarani yeye na mkewe Valerie.

Aliyemsaidia ni Henry Picard, bingwa wa shindano kubwa la Masters wa mwaka 1938, wakati huo akiwa mwalimu wa klabu ya Hershey, Pennsylvania. Picard alimgeuzia mshiko: mkono wa kushoto ukarudi kushoto, kidole gumba kikapanda juu ya mpini. Baadaye Hogan akaendelea peke yake. Kidole gumba akakifupisha, yaani hakukinyoosha kufuata mpini bali alikivuta juu kidogo, ili fimbo isining'inie nyuma kupita kiasi. Na kileleni mwa mzunguko akakunja kifundo cha mkono wa kushoto kwa nyuma, kiasi kidogo tu, jambo linalofungua uso wa fimbo. Akishafanya hayo, angeweza kupiga kwa nguvu zake zote na uso wa fimbo usiwahi kufumba. Mpira ukawa unakwenda juu, unapinda kidogo kulia, na unatua kwa upole. Mwaka 1955 jarida la Life lilimlipa aieleze siri hiyo. Maelfu ya watu waliosoma walikuwa tayari wanapinda kulia. Walipoongeza dawa ya Hogan wakazidi kuharibika. Ndiyo hiyo iliyokupata wewe.

Hata fimbo zake zilitengenezwa kwa ajili ya ugonjwa uleule. Mipini ilikuwa migumu sana, kichwa kimelala chini kuliko kawaida, na uso umefunguliwa kidogo. Kichwa kikilala hivyo, mpira hauvutwi kushoto. Mtu wa kawaida akizishika fimbo kama zile atapeleka kila mpira kulia, na hatajua kwamba kosa si lake.

Mengine ya Hogan yanamfaa kila mtu, na hayo uyachukue. Shinikizo la mkono wa kushoto liwe kwenye vidole vitatu vya mwisho. La mkono wa kulia liwe kwenye vidole viwili vya kati. Kidole gumba na cha shahada cha mkono wa kulia viwe vyepesi kabisa, maana vikikaza, bega la kulia linawahi kuingia. Mguu wa kulia uusimamishe kwa pembe mraba na mstari wa mpira, wa kushoto uufungue robo ya kona nje. Kurudi chini kuanze na nyonga kugeuka kushoto, mikono ifuate. Ukianza na mikono, fimbo itatoka nje ya njia na mpira utakwenda popote.

Matunda yalionekana Machi 1940 huko Pinehurst, North Carolina, alipolitwaa shindano la North and South, ushindi wake wa kwanza akiwa peke yake, miaka kumi baada ya kuanza. Akaongeza Greensboro na Asheville, matatu mfululizo. Kisha vita, utumishi katika jeshi la anga la Marekani, na kurudi. Mwaka 1946 alishinda mashindano 13, likiwemo PGA Championship, taji lake la kwanza kati ya mataji makuu, yaani ya mashindano manne makubwa kabisa ya gofu. Mwaka 1948 akaongeza PGA la pili, na US Open kwenye uwanja wa Riviera kwa mikwaju 276 (kwenye gofu anayepiga michache ndiye mshindi).

Tarehe 2 Februari 1949, karibu na Van Horn, Texas, kwenye ukungu, basi la Greyhound lililokuwa linalipita lori likalivaa gari lake uso kwa uso. Hogan alijirusha upande wa abiria kumkinga Valerie, na kitendo hicho kilimwokoa yeye pia, kwa sababu usukani ulisukumwa hadi kwenye kiti alichokuwa amekalia. Alivunjika nyonga, mtulinga, ubavu na kifundo cha mguu wa kushoto. Hatari kubwa ikaja baadaye: damu iliganda miguuni na madonge yakaanza kupanda mapafuni. Daktari Alton Ochsner alisafirishwa kutoka New Orleans hadi El Paso, akaufunga mshipa mkuu unaorudisha damu ya miguu kwenye moyo. Madonge yakazuiwa, lakini tangu siku hiyo damu ya miguu ilibidi irudi kwa mishipa midogo. Ndiyo sababu miguu yake ilivimba kila alipotembea sana, maisha yake yote.

Elewa hilo, kwa sababu lote lililofuata limejengwa juu yake. Kila siku ya mchezo aliiloweka miguu kwenye maji ya moto yenye chumvi ya Epsom, akaifunga bandeji za kuvutika kuanzia vifundoni hadi mapajani, na jioni akarudia. Alipunguza mashindano yakawa machache kwa mwaka. PGA Championship aliliacha, maana siku hizo lilichezwa mtu kwa mtu, na ukiendelea kushinda unatembea mashimo 36 kwa siku, siku baada ya siku.

Juni 1950, miezi 16 tangu ajali, alicheza US Open pale Merion, Pennsylvania. Sheria inaruhusu fimbo 14 tu. Alishaukagua uwanja, akaona hakuna pigo la aini namba 7, akaiacha na kubeba aini namba 1. Siku ya Jumamosi ilikuwa mashimo 36. Mchana miguu ilikaza kiasi cha kukaribia kuanguka. Shimo la mwisho alihitaji kulimaliza kwa mikwaju minne ili afungane na viongozi, na pigo la pili lilikuwa zaidi ya yadi 200. Akatoa aini namba 1 na kuufikisha mpira kwenye grini, yale majani mafupi yenye shimo, kisha mikwaju miwili ikautia shimoni. Jumla 287, sawa na Lloyd Mangrum na George Fazio. Jumapili wakarudia mashimo 18: Hogan 69, Mangrum 73, Fazio 75. Mangrum alipoteza mikwaju miwili pale aliponyanyua mpira kwenye shimo la 16 ili kupuliza mdudu, jambo ambalo sheria za wakati ule zilikataza. Ukienda mashindanoni, isome sheria ya mpira kwenye grini kabla hujaugusa.

Mwaka 1951 alishinda Masters, kisha akatetea US Open pale Oakland Hills, Michigan. Mchora viwanja Robert Trent Jones alikuwa amehamisha bunka za mchanga hadi pale hasa mipira ya wapigaji wakubwa inapotua. Wiki nzima ni raundi mbili tu zilizokwenda chini ya kiwango cha 70: 69 ya Clayton Heafner na 67 ya Hogan raundi ya mwisho.

Halafu 1953. Aprili alishinda Masters kwa mikwaju 274, mitano chini ya rekodi iliyokuwepo. Juni alishinda US Open pale Oakmont, akimwacha Sam Snead kwa mikwaju sita. Julai akavuka bahari kwenda Carnoustie, Scotland, kwa mara yake ya kwanza na ya mwisho kwenye Open ya Uingereza. Mpira wa kule ulikuwa mdogo, kipenyo cha inchi 1.62 dhidi ya 1.68 ya Marekani, kwa hiyo ulikata upepo na kwenda mbali zaidi. Ardhi nayo ilikuwa ngumu. Akawahi kufika na kujifunza upya umbali wa kila fimbo, akacheza raundi za kufuzu kama wengine wote, kisha akaandika 73, 71, 70, 68. Kila siku alama ilishuka, kwa sababu kila siku aliujua uwanja zaidi. Hilo ndilo ningependa uliige kuliko mshiko: ukifika uwanja mgeni, usicheze kutafuta alama, pima mpira unatua wapi na unakimbia hatua ngapi.

Alimaliza na mataji makuu tisa na ushindi wa mashindano 64 kwenye ziara ya PGA. Lakini kuna sehemu hakuipatia dawa. Mwaka 1946 alipoteza Masters kwa mkwaju mmoja baada ya kutumia mitatu kwenye grini ya mwisho, na US Open ya mwaka huohuo ikamponyoka kwa kosa lilelile. Mwaka 1956 pale Oak Hill alikosa mkwaju wa inchi 30 kwenye shimo la 71, la pili kutoka mwisho, na kushindwa na Cary Middlecoff kwa mkwaju mmoja. Alisimama juu ya mpira, mikono ikakataa kurudi nyuma. Mwaka 1960 pale Cherry Hills, akiwa na miaka 47, alifikia grini 34 mfululizo kama ipasavyo, yaani akibakiwa na mikwaju miwili ya kiwango, katika mashimo 36 ya siku ya mwisho, na bado alikuwa amefungana tu kileleni, hakuwa anaongoza peke yake. Kisha mpira wake kwenye shimo la 17 ukarudi majini. Hesabu hiyo itazame vizuri: grini 34, bila kuongoza peke yake. Mikwaju iliyopotea ilipotelea karibu na shimo.

Kwa hiyo panga saa zako hivi. Ukiwa na saa mbili, moja iwe kwenye grini. Anza na mipira kumi kutoka futi tatu, ukizunguka shimo, na ukikosa mmoja unaanza upya. Kisha mipira kumi kutoka futi 30, ukitazama umbali tu, si shimo. Saa ya pili anza na fimbo fupi, upande taratibu hadi zile ndefu, na draiva, fimbo ndefu kuliko zote, iwe ya mwisho, mipira isiyozidi 15. Baada ya wiki mbili nitumie picha nyingine, safari hii ukiwa kileleni mwa mzunguko, kamera ikiwa nyuma ya mstari wa mpira, usawa wa kiuno.

Mama yako