Kaka, kuhusu kile kibao cha shaba

Kaka yangu, shikamoo.

Tangu arobaini ya Mama hupokei simu, na ujumbe unausoma bila kujibu. Basi nakuandikia hapa, najua utapita.

Siku ile pale kaburini ulitoa kibao ulichokuja nacho kutoka Uingereza, ukasema hiyo ndiyo "engraving" ya kitaalamu, yaani kuchonga maandishi. Yule mzee aliyechimba kaburi la Mama alikuwa amekaa pembeni tangu asubuhi, tindo na nyundo mapajani, kwa sababu mimi ndiye niliyemwita. Ukamwambia mbele ya wajomba, "Mzee, nenda tu, hatukuhitaji." Akafunga vyombo vyake kwenye kiroba. Hata chai hakunywa. Hilo halijanishuka kooni mpaka leo.

Nikalitafuta neno lako. Engrave limejengwa juu ya kitenzi cha Kiingereza cha kale, grafan: kuchimba, na pia kuchonga. Grave, yaani kaburi, limetoka shina hilohilo. Wajerumani hadi leo kuchimba ni graben, kaburi ni Grab. (Lile grave la jambo zito ni la Kilatini, halimo.) Unakumbuka tulivyokaririshwa "Usijifanyie sanamu ya kuchonga"? Biblia ya Kiingereza ya 1611 inasema graven image, neno lilelile. Kwa hiyo Kaka, kwa lugha hiyohiyo uliyotujia nayo, kuchimba kaburi na kuchimba jina kwenye jiwe ni kazi moja. Ulimfukuza mtu kazi yake ikiwa nusu.

Na kibao chako hakikuchongwa. Karatasi iliyokuja nacho inasema kimeliwa na asidi. Bamba hupakwa nta, herufi zikakwaruzwa, asidi ikala palipobaki wazi. Hiyo inaitwa etch. Waingereza walilipata kwa Waholanzi karne ya 17, etsen, nao Waholanzi kwa Wajerumani, ätzen. Ndani yake mna kitenzi cha kula kilichogeuzwa, kama sisi tunavyotoa kulisha kwenye kula.

Nilipofika kwenye kulisha nikaweka simu chini. Nilikuona na surua yako, umekataa kila kitu, Mama anakulisha uji tone kwa tone, mimi nimeshika koroboi. Najua ulimpenda. Najua na pesa ulizotumia, wala sikusemi kwa ubaya.

Lakini jina lake la nyumbani uliliacha, eti halikuenea! Nani hapa kijijini anamjua Mama kwa jina la ubatizo?

Ukija Desemba, kabla hujafika nyumbani, pita kwa mzee umwombe radhi. Usitume mtu, nenda mwenyewe. Mimi nilishakwenda. Wiki moja baada ya wewe kuondoka niliuza mbuzi wawili nikamlipa, akalichonga jina la nyumbani kwenye jiwe, chini ya kibao chako. Sikukuuliza kwa kuwa ungekataa, na aliyemwogesha Mama miaka minne ni mimi, si wewe. Ningefanyaje? Niache watoto wetu wasimame pale wasome jina la mtu wasiyemjua?

Kibao hatukukigusa. Herufi ya mwisho imelala upande kidogo, mkono wa mzee ulikuwa unatetemeka. Ukiiona, tafadhali usimwambie kitu.